Nguchiro Kwenye Foleni ya Mbwa

Siku ya chanjo ya mbwa, watu wa lokesheni yetu walikuja kwenye josho la ng'ombe, njia ya kwenda Tawa, na mbwa wao wamefungwa kamba za katani. Mimi nilikuja na kiondo. Nilikuwa mwalimu wa shule ya msingi, nimefunga tai, na ndani ya kiondo cha mke wangu mlikuwa na nguchiro. Nilikuwa nimemfunika kwa kitambaa cha meza kilichotariziwa mstari wa Zaburi ili watu wasimwone. Mbwa hawakuhitaji kumwona. Nilipofika katikati ya foleni waligeuka wote pamoja wakakitazama kiondo, na kwa muda mfupi kukawa na kimya ambacho sijawahi kukipata darasani.

Kisha kamba zikaanza kukatika.

Sitaeleza yote. Itoshe kusema nilipanda ukuta wa josho na viatu vyangu vya Jumapili, kiondo nimekiinua juu ya kichwa, na kwamba wanafunzi wangu wa darasa la saba walikuwepo. Wiki ile ile nilikuwa nimewafundisha juu ya kichaa cha mbwa. Kitabu kilisema kila mnyama wa nyumbani anayeweza kuuma apelekwe kwenye chanjo. Mimi nilikuwa mtu wa vitabu, na kwa hivyo nilimpeleka.

Afisa wa mifugo, mtu mfupi mwenye koti la khaki, alikuja chini ya ukuta akaniangalia.

"Mwalimu, hapo ndani kuna nini?"

"Mnyama wa nyumbani."

"Hebu fungua."

Nikafunua Zaburi kidogo. Pua ikatokea, ikanusa hewa, ikarudi ndani.

"Hii ni nguchiro."

"Ndiyo, lakini anakaa nyumbani."

"Hata panya anakaa nyumbani," akasema. "Hii dawa ni ya mbwa. Na hii yako, uko na kibali? Mnyama ya porini huwezi kuweka kwa nyumba bila karatasi ya watu wa gemu. Andikia hao kwanza. Wakikubali, kuja tuongee mambo ya sindano."

Nikamwahidi nitawaandikia hao wa idara ya wanyamapori wiki hiyo hiyo. Nilisema hivyo nikiwa bado juu ya ukuta, kwa sababu mbwa walikuwa hawajaondoka.

Nguchiro huyo nilimpata shambani kwa mama mkwe. Mama mkwe wangu alikuwa mjane, na ndiye aliyekuwa kiongozi wa mwethya wa kijiji chao, yaani kile kikundi cha akina mama wanaolimiana mashamba kwa zamu na kuchimba mitaro ya kuzuia udongo usichukuliwe na maji. Siku hiyo walikuwa wanachimba mtaro kwake, ng'ambo ya bonde kutoka kwetu, wakavunja kichuguu cha zamani. Kundi zima la nguchiro likatoka mbio, likabaki toto moja dogo lisiloweza kukimbia. Mimi nilikuwa nimefika kusaidia, ambayo kwa mwalimu ilimaanisha kusimama kando na kuwaeleza akina mama wenye majembe jinsi mtaro unavyochimbwa.

Mama mkwe alimtuma mke wangu kwangu. "Mwambie mwalimu akaache hapo. Mama yake amejificha kwa nyasi, anakaangalia."

Alikuwa hatua kumi kutoka nilipokuwa, na nilimsikia vizuri sana. Lakini kwetu mtu na mama mkwe wake wana nthoni. Ni heshima, na pia ni aibu, na ni vigumu kusema moja inaishia wapi nyingine ianze. Hamsalimiani kwa mkono, hamkai chumba kimoja, hamtazamani usoni, na mkiwa na neno la kuambiana mnalipitisha kwa mtu wa tatu. Kanisani walikuwa wanatuambia mambo hayo yamepitwa na wakati, naye mama mkwe alikuwa nguzo ya kanisa. Lakini akiniona njiani alikuwa bado anaingia shambani mwa watu kunipisha.

Basi nikamwambia mke wangu amwambie mama yake kwamba kulingana na kitabu, mnyama akishaguswa na binadamu mama yake humkataa. Wakati huo hakuna aliyekuwa amemgusa. Nikamgusa, ili kitabu kiwe kweli, nikamtia kwenye kofia yangu nikaenda naye nyumbani.

Kumtunza nilijifunza kwa kukosea. Kwanza nilimpa uji na maziwa, kama mtoto wa mtu, na tumbo lake likafunguka juu ya karatasi za mtihani wa hesabu. Nikawarudishia wanafunzi karatasi zao na kusema ni chai. Halafu nikagundua anataka wadudu. Nikabuni adhabu mpya shuleni: anayechelewa alete panzi kumi. Kwa wiki mbili shule nzima ilichelewa. Mayai alikuwa ana namna yake ya kuyavunja: analishika yai kwa mikono ya mbele, anageuza mgongo, analirusha nyuma kati ya miguu yake ligonge jiwe. Nyumbani kwetu hapakuwa na jiwe, palikuwa na redio. Nilimwogesha kwa sabuni ya kufulia ili apunguze harufu, na ikawa nina mnyama mwenye harufu mbili. Nilimtengenezea kitanda ndani ya sanduku la majani chai, nikatoboa matundu ya hewa kwa msumari nikiyapima kwa rula, naye akachagua kulala ndani ya buti langu la mvua. Alikuwa na tabia ya kusugua makalio kwenye kila kitu alichokipenda ili kukitia alama. Biblia yangu aliipenda sana.

Jambo moja halikuwa kwenye kitabu chochote nilichokuwa nacho. Nguchiro wa aina hiyo haishi peke yake. Asubuhi alikuwa anapanda dirishani, anasimama kwa miguu miwili, anapiga mbinja nyembamba kuelekea bondeni, halafu anangoja ajibiwe. Hakuna aliyejibu. Nikaanza kumjibu mimi, kwa meno. Mke wangu, ambaye wakati huo alikuwa mjamzito, alikuwa anakaa kitandani akisikiliza mume wake na mnyama wakipigiana mbinja, na nadhani ndipo alipoanza kuniita "Mwalimu" hata tukiwa wawili. Nilimpenda yule mnyama. Nilimpenda kuliko nilivyostahili kukipenda kitu nilichokiiba kwa mama yake.

Baada ya aibu ya josho niliazima kitabu cha sheria kwa karani wa kambi ya chifu. Ilikuwa miaka michache tu tangu serikali ipige marufuku uwindaji, na habari za wanyama zilikuwa kila mahali. Kitabu kilikuwa cha Kiingereza kigumu. Nikakaa nacho na kamusi, na nilipomaliza nilikuwa mtu hatari sana: mtu anayejua kifungu kimoja cha sheria. Kila mgeni aliyekuja kwetu nilimsomea. Nilisimama katikati ya sebule na kutafsiri kwa sauti nzito: hakuna mtu atakayeweka mnyama wa porini bila kibali cha maandishi, na atakayekiuka atapigwa faini, au kufungwa, au vyote viwili. Hayo maneno "au vyote viwili" niliyapenda. Niliyasema polepole, kama mhubiri. Mke wangu anasema hata mama yake, ambaye akija kwetu alikuwa anakaa jikoni, nyumba ndogo iliyo kando, aliyasikia mara nyingi kupitia ukutani. Alikuwa anauliza, "Leo tena kuna kesi?"

Nyani haoni kundule. Sokoni Kikima nilimkemea mzee wa watu aliyekuwa anauza ngozi ya paa iliyochakaa, ya babu yake, nikamtajia kifungu, nikarudi nyumbani kumlisha nguchiro.

Sasa, barua ya kuomba kibali. Ningeiandika kwa dakika kumi. Lakini mimi nilikuwa mwalimu wa lugha, na barua inayokwenda ofisi kubwa Machakos haiandikwi tu. Ya kwanza niliona ni fupi, haina heshima. Ya pili ilikuwa ndefu, na nilipofika ukurasa wa tatu nilikuwa bado sijamtaja nguchiro. Ya tatu niliichana kwa sababu ya mkato mmoja. Ya nne nilianza kwa methali, nikaona methali yenyewe inanishtaki. Mwezi wa pili ukaisha, wa nne ukaisha.

"Hiyo barua unaandikia watu wa gemu ama unaandikia Queen?" mke wangu akaniuliza.

"Nangoja ikae sawa."

"Ngoja ngoja huumiza matumbo," akasema.

Nilikuwa natafuta neno bora kuliko "tafadhali".

Mwezi wa nane ulipofika shule zilikuwa zimefungwa, mtoto wetu wa kwanza ana wiki tatu, na milima ya Mbooni ina baridi ya kuingia mifupani. Alhamisi moja mama mkwe alikuja kumshika mjukuu. Nilipomwona kwenye njia nikaingia ndani haraka kwa ajili ya nthoni, yeye akaenda moja kwa moja jikoni, na kila mtu akawa mahali pake. Nikaketi mezani kuandika barua ya tisa. Nikafungua sanduku la nguchiro ili anyooshe miguu, kwa maana nilikuwa nimesoma kwamba mnyama anayefugwa lazima apate mazoezi. Nikaandika "Kwako Bwana". Nikafuta. Nikaandika "Kwako Mheshimiwa".

Jikoni palikuwa na kuku aliyeatamia, kuku ambaye mama mkwe mwenyewe alitupatia. Nguchiro alikuwa anasikia baridi kama sisi sote, na alikuwa amegundua mahali pa joto penye mayai. Mama mkwe aliingiza mkono chini ya kuku kuhesabu mayai, akakutana na meno.

Nilisikia kuku, kisha nikasikia mama mkwe, kisha nguchiro akapita katikati ya miguu yangu akaingia ndani ya buti.

Nikatoka nikasimama nyuma ya ukuta wa jikoni. Mke wangu alikuwa ameshamwosha mama yake mkono kwa sabuni na maji ya moto, na kuufunga kwa kipande cha leso. Nilijua kila kitu kinachotakiwa kufanywa. Nilikuwa nimewaimbisha watoto wimbo wake.

"Mwambie mama aende kituo cha afya," nikasema kupitia ukutani. "Mwambie kichaa kikishaingia hakina dawa. Mwambie ni kesho asubuhi, si keshokutwa."

"Mwaitu," mke wangu akamwambia mama yake, "anasema..."

"Nimesikia," sauti ya mama mkwe ikasema. "Mwambie mkono ndio umeumwa, si masikio."

Kesho yake, kwa kuwa mke wangu ana mtoto mchanga, ikawa ni mimi wa kumpeleka. Ni mwendo wa saa nzima kwa miguu. Baiskeli nilikuwa nayo, lakini kumpakia mama mkwe nyuma ya baiskeli kwetu ni jambo ambalo watu wangelisimulia mpaka leo. Akatangulia, nami nikafuata hatua thelathini nyuma. Akisimama kupumzika nami nasimama, natazama mitaro ya watu kama mkaguzi wa kilimo. Leso ilikuwa na doa la damu, na nilikuwa naliona kila mkono wake ulipokwenda nyuma.

Kituoni kulikuwa na klinikal ofisa ambaye sote tulimwita daktari. Hakuwa mtu wa huku, hakujua Kikamba, na mama mkwe hakujua Kiswahili cha kutosha kueleza ugonjwa. Daktari akatoka mlangoni akaniona kwenye benchi.

"Wewe umekuja na huyu mama? Kuja utafsiri."

Nikaingia mpaka kizingitini nikasimama na mgongo wangu ndani na uso nje. Daktari akaniuliza kama shingo yangu ni nzima. Nikasema ni mama mkwe. Akasema, "Ooh," maana hata yeye alikuwa amekaa Ukambani miaka kadhaa.

"Muulize nini ilimuuma."

Nikaiambia hewa ya nje kwa Kikamba: daktari anauliza ni nini kilikuuma. Nilijua neno linalokuja na mahali linaponipeleka: faini, au kifungo, au vyote viwili. Kisha nikamsikia mama mkwe, taratibu, sauti yake ya kanisani.

"Mwambie ni mbwa."

Nilikuwa na nafasi. Nimeipima mara nyingi tangu siku hiyo, na ilikuwa nafasi kubwa ya kutosha mtu mzima kupita. Nikasema, "Anasema ni mbwa."

"Mbwa ya nani?"

"Mwambie wa kupita tu," akasema.

"Anasema ni wa kupita tu."

Daktari akapumua. "Kama tungejua mwenye mbwa tungeifunga siku kumi. Ikikaa mzima, sindano tunasimamisha hapo. Lakini ya kupita... Mwambie ni sindano kumi na nne. Kila siku moja. Na ni za tumbo."

Nikatafsiri. Nilitafsiri vizuri sana, hata tarakimu sikukosea.

"Mwambie ni sawa," akasema mama mkwe.

"Anasema ni sawa," nikasema.

Alipoambiwa afunue tumbo nilikimbia nikajificha nyuma ya tangi la maji. Hakupiga kelele. Ningependelea apige.

Jioni mke wangu alinieleza, bila kunitazama. Mama yake alikuwa amewaza usiku kucha. Mtoto ana wiki tatu, mwalimu akifungwa kazi itakwisha, na nani atamlea huyu? Alikuwa amesikia kile kifungu mara nyingi, alikijua kwa moyo kuliko mimi. Sindano, alisema, zina mwisho.

Mume mwenye akili angekwenda kituoni asubuhi na kusema ukweli. Mimi nilichukua daftari. Nikamfungia nguchiro ndani ya sanduku nikaanza kumchunguza kama daktari wa chuo kikuu. Siku ya kwanza: amekula panzi kumi na wawili. Siku ya pili: amekunywa maji, hatoi mate. Siku ya nne: amesugua makalio kwenye kalamu. Kila asubuhi nilikuwa naandika "mzima", nafunga daftari, naenda kutembea hatua thelathini nyuma ya mwanamke anayekwenda kudungwa kwa sababu yangu. Siku ya tano alianza kutembea ameshika tumbo. Siku ya saba aliketi kwenye jiwe mara tatu njiani. Nilitamani kumwambia pole. Nthoni ilinikataza, na nakiri nilifurahi inanikataza. Hakuna heshima iliyowahi kumfaa mwoga kama ile.

Siku ya kumi ilikuwa Jumapili, na ilikuwa siku ya Meza ya Bwana. Nilikuwa nimeamka nikaandika "mzima" kwa herufi kubwa, maana hizo ndizo siku kumi za daktari. Tukaenda sindano mapema, tukarudi kanisani. Wanaume huketi upande huu, wanawake upande ule. Sahani ya mkate ikapita kwetu, nikachukua kipande changu nikala. Kisha nikaiona ikifika kwa mama mkwe. Mwanamke ambaye hakuwahi kukosa Meza tangu abatizwe aliipokea sahani kwa mkono wake mzima, akampa aliyekuwa kando yake, akainamisha kichwa. Kikombe nacho kikampita. Akina mama wakatazamana. Wao hawakujua ni kwa nini. Mimi nilijua: alikuwa amesema uongo, na hawezi kula mkate wa Bwana na uongo mdomoni. Uongo huo ulikuwa umepitia mdomo wangu, na mdomo wangu ulikuwa bado unatafuna.

Nilijichukia. Sijui njia nyingine ya kulisema.

Jumatatu alfajiri nilipanda basi la Machakos kutoka Kikima. Nilikuwa na kiondo, na ndani yake nguchiro, daftari, barua tisa zisizokamilika, mswaki, sweta nzito na sabuni. Nilikuwa nimemuaga mke wangu kama mtu anayekwenda vitani. Nilimwambia amlee mtoto katika njia njema. Akaniuliza kama nitarudi na unga.

Katika ofisi ya gemu kulikuwa na afisa mmoja wa makamo aliyekuwa anakunywa chai. Nikasimama mbele yake wima nikatoa ungamo langu lote, kuanzia kichuguu mpaka Meza ya Bwana, nikataja kifungu, nikamalizia kwa "au vyote viwili". Akanisikiliza mpaka mwisho. Akafungua droo akatoa karatasi. Karatasi yenyewe ilikuwa ukurasa mmoja.

"Umekaa na yeye muda gani?"

"Karibu mwaka mzima."

"Alitoka wapi? Anakula nini? Ameuma mtu?"

"Ndiyo. Mama mkwe."

Akaweka kalamu chini. "Pole," akasema, na sikujua ni pole ya nini kati ya mambo mengi. Akaandika, akanipa nitie sahihi, akanionya nisirudie. Kisha akakivuta kiondo upande wake.

"Huyu tutabaki na yeye. Kwanza daktari wa mifugo amwangalie, halafu atapelekwa mahali kuna wenzake. Unaweza kwenda."

"Na jela?"

"Jela ya nini?"

"Kifungu kinasema..."

"Mwalimu, watu wanatuletea wanyama hapa kila mara. Mwingine analeta paa, mwingine kobe. Mtu akijileta mwenyewe namna hii, tunaandika, tunamwonya, anarudi kwake. Nani alikuambia utafungwa?"

Nikafikiri nikumbuke ni nani. Alikuwa mtu mmoja tu, mwenye sauti nzito, katikati ya sebule yangu.

Daktari wa mifugo alipokuja kumwangalia, nikamwuliza kuhusu sindano. Akasema kama tungesema ni nguchiro siku ile ya kwanza, wangemkata mnyama kichwa kikapimwe maabara, na majibu yangerudi baada ya siku tatu, nne. Mnyama angekufa, na mama labda angepata sindano nne. Sasa kwa kuwa amekaa mzima, dalili ni nzuri, lakini ile sheria ya siku kumi ni ya mbwa na paka. Ya nguchiro haijaandikwa na mtu. Mama amalizie zote. Kabla sijaondoka nguchiro alisimama kwa miguu miwili ndani ya kiondo akanipigia mbinja. Nilijaribu kumjibu. Mbinja haikutoka.

Nilirudi na mswaki wangu jioni hiyo hiyo. Unga nilisahau. Mama mkwe alikuwa jikoni na mtoto mapajani, baada ya kwenda sindano ya kumi na moja peke yake. Nilisimama nyuma ya ukuta kama kawaida, mke wangu akaja mlangoni tayari kupokea maneno. Kisha nikafanya jambo ambalo sikuwahi kulifanya. Nikampita mke wangu nikasimama mlangoni kwenyewe, macho nimeyaweka kwenye majivu ya jiko.

"Mama," nikasema, "nimetoka ofisini. Nimewaambia ni nguchiro. Kesho nitamwambia na daktari. Hawafungi mtu."

Mtoto alikuwa analala. Mama mkwe alimfunika mguu uliokuwa nje ya shuka.

"Hawafungi," akasema.

"Hapana, mama. Waliandika karatasi moja."

"Hata ile siku ya kwanza hawangefunga."

"Hawangefunga."

"Kwa hivyo ningesema nguchiro."

"Ndiyo, mama. Sindano zingekuwa nne."

Mkono wake uliokuwa na leso ulikwenda tumboni ukakaa hapo. Halafu akageuza uso kwa binti yake, kana kwamba mlangoni hapakuwa na mtu.

"Mwambie mwalimu," akasema, "kesho sindano ya kumi na mbili ni saa mbili. Asichelewe."

Nilifika saa moja kasorobo, nikasimama kwenye umande njiani nikingoja apite, ili nihesabu zile hatua thelathini.